Merikebu za Sulemani na Pwani Yetu

Katika Kitabu cha Kwanza cha Wafalme, sura ya tisa na ya kumi, mna habari ya safari kubwa ya baharini. Mfalme Sulemani aliunda merikebu huko Esion-geberi, kwenye ncha ya Bahari ya Shamu. Watu wake hawakuwa na ujuzi wa bahari, kwa hiyo rafiki yake Hiramu, mfalme wa Tiro, akampa mabaharia. Wakasafiri mpaka nchi iitwayo Ofiri, wakarudi na talanta 420 za dhahabu, nazo kwa hesabu ya wataalamu wengi ni zaidi ya tani 12. (Kitabu cha Pili cha Mambo ya Nyakati chataja 450, hata waandishi wa kale walikuwa na hesabu mbili.) Walileta pia miti ya thamani na vito. Tena twaambiwa kwamba mfalme alikuwa na merikebu zilizorudi mara moja kila miaka mitatu, zimepakia dhahabu na fedha, pembe za ndovu, nyani na tausi.

Lakini Ofiri iko wapi? Kitabu hakisemi. Mwandishi wake aliliandika jina hilo kama mtu wa Unguja aandikavyo "Mrima," bila maelezo, maana alijua kwamba kila msomaji wake analifahamu. Wasomaji wale wamekwisha kufa zamani sana, na maelezo wameondoka nayo.

Mtoto wa Bwejuu akisikia habari hii hageuki kutazama mbali. Huona bahari ile ile mbele ya nyumba yao, hukumbuka kwamba pembe za ndovu zilipakiwa Unguja kwa mamia ya miaka, na majahazi ya Uarabuni yalikuja kila mwaka na upepo. Basi husema, "Ofiri ni huku kwetu!" Wala si watoto tu. Kwa zaidi ya miaka 400 watu wazima, wenye elimu, wamesema vivyo hivyo, nao wamelitafuta jambo hilo kwa vitabu, kwa ramani, na mwisho kwa jembe na mwiko. Kwetu Unguja Waislamu nao humjua Nabii Suleiman na Malkia wa Sheba, kwa hiyo swali hili si la watu wa dini moja. Na tulitazame, tuone jinsi swali la namna hii linavyoulizwa na jinsi linavyojibiwa.

Wareno walipofika Sofala mwanzoni mwa karne ya 16, waliona dhahabu ikiletwa pwani kutoka bara. Mara wakaifikiri Ofiri. João dos Santos, padre wa shirika la Wadominiko aliyefika Sofala mwaka 1586, aliandika kitabu kilichopigwa chapa mwaka 1609. Humo alieleza habari za mlima wa bara uitwao Fura au Afura, na kwamba wako watu wasemao kuwa ndiyo Ofiri yenyewe. Hoja yao kubwa ilikuwa ni jina. Afura na Ofiri yanafanana kwa sauti. Tena tafsiri ya kale ya Kiyunani iliandika jina la nchi ile kwa herufi S mwanzoni, Sofiri, nayo yakaribia Sofala.

Hoja hii yapendeza masikioni, lakini jina ni shahidi dhaifu. Sofala latokana na neno la Kiarabu lenye maana ya mahali pa chini, nalo lafaa sana kwa pwani ile ya matope. Waliolitia ni mabaharia waliokuja miaka mingi sana baada ya Sulemani. Hatuna haja ya kwenda mbali kutafuta mfano. Kiko kisiwa kiitwacho Bwejuu karibu na Mafia. Mtu wa nchi nyingine akiokota barua ya zamani iliyotaja Bwejuu, asipokuwa na habari nyingine, atajuaje kwamba ni Bwejuu yetu ya Unguja au ni ile ya Mafia? Na hayo ni majina yaliyo sawa kabisa, wala si yaliyofanana tu.

Hoja ya pili ni bora zaidi, maana yatokana na upepo, na upepo haujabadilika tangu siku za Sulemani. Wanafunzi wa upande wa mashariki ya kisiwa wanaijua habari hii kuliko mimi niwezavyo kuieleza. Kaskazi huanza kuvuma yapata mwezi wa Desemba, huchukua chombo kutoka Uarabuni mpaka kwetu. Kisha huja kusi, yapata Aprili, kukirudisha chombo kwao. Baharia mwenye akili hapigani na upepo, huungoja. Sasa fikiri safari ya kutoka Esion-geberi. Upande wa kaskazini wa Bahari ya Shamu upepo hutoka kaskazini karibu mwaka mzima, basi kutoka ni rahisi, bali kurudi ni taabu ya kupiga bisho siku nyingi. Akiisha kutoka katika mlango wa bahari ile, huingojea kaskazi. Kwa kaskazi moja aweza kufika Unguja, hata Kilwa, na kurudi kwa kusi ya mwaka ule ule. Sofala iko mbali zaidi. Atakayekwenda huko na kurudi huchelewa, akalazimika kungoja musimu mwingine. Ndiyo sababu mojawapo iliyositawisha mji wa Kilwa: ulikaa mahali ambapo upepo wa mwaka mmoja huishia.

Basi waliosema Ofiri ni Sofala walihesabu hivi: kushuka, kungoja, kupanda, kungoja tena, na bisho ya mwisho, jumla yake ni miaka mitatu. Ni hesabu nzuri. Walakini mtu aliyekwenda Bara Hindi naye alingoja upepo, naye aweza kuitimiza miaka mitatu. Tena Waebrania walikuwa na desturi ya kuhesabu kipande cha mwaka kuwa mwaka, hata safari ya mwaka mmoja na nusu iliweza kuitwa ya miaka mitatu. Na tausi tumjuaye ni ndege wa Bara Hindi, ingawa wako wanaodhani kwamba neno lile la Kiebrania lilikuwa jina la nyani wa namna nyingine. Kwa hiyo upepo watushuhudia jambo moja tu, kwamba safari iliwezekana. Iwapo ilifanyika, upepo hausemi.

Aliye na kumbukumbu zaidi ya upepo ni ardhi. Tuone jinsi inavyosema.

Nyuma ya nyumba nyingi za shamba pana jaa. Ukilichimba jaa la zamani utaona juu chupa za plastiki na mifuniko yake. Chini kidogo makopo yenye kutu na vipande vya sahani za kauri. Chini zaidi vigae vya vyungu, makombe, mifupa ya samaki, na majivu. Hakuna aliyevipanga hivyo. Kilichotupwa kwanza kiko chini, na kilichotupwa jana kiko juu. Matabaka hayo ndiyo kurasa za kitabu cha ardhi, na mtaalamu wa mambo ya kale huzifungua moja moja, kwa mwiko mdogo na brashi, akichekecha mchanga wote asipoteze hata ushanga. Huandika kila kitu kilitoka tabaka gani. Kitu kisichojulikana tabaka lake kimepoteza nusu ya ushahidi wake, hata kikiwa cha dhahabu. Na kama mtu alichimba shimo katika jaa lile, akafukia humo kitu kipya, au panya na kaa wamechimba njia zao, basi kurasa zimechanganyika, na msomaji asipoangalia atadanganyika.

Ardhi haitunzi kila kitu. Mama zetu wa Bwejuu hufukia makumbi ya nazi katika mchanga wa pwani, wakayaacha miezi mingi, kisha wakayafukua na kuyapiga ili wapate usumba wa kusokota kamba. Mchanga na maji vimekula kile kilicho laini, vikaacha nyuzi. Ardhi hufanya hivyo kwa miji. Hula nguo, makuti, mikeka, ngozi, na mara nyingi mbao za merikebu. Huacha mawe, vigae, mifupa na shanga. Kwa sababu hiyo mtu asiseme upesi, "Sikukiona, basi hakikuwapo." Labda kililiwa. Lakini watu wakikaa mahali na kufanya biashara kubwa mwaka baada ya mwaka, ni shida wasiache hata kigae.

Kuna shahidi mwingine aliyepatikana baadaye. Mwaka 1949 Willard Libby wa Chicago na wenzake walionyesha njia ya kupima umri wa mkaa, mbegu, mifupa, na kila kilichokuwa hai. Hewani mna namna ya kaboni iitwayo kaboni 14. Mti ulio hai huivuta daima. Ukikatwa hauvuti tena, na ile iliyomo hupungua polepole kwa kipimo kisichobadilika: baada ya miaka 5,730 hivi hubaki nusu, na baada ya mingine kama hiyo hubaki nusu ya nusu. Mtaalamu hupima iliyobaki, akajua mti ulikatwa zamani kiasi gani, akikisia kosa la miaka kadhaa huku na huku. Angalieni, hupima siku ya kufa kwa mti, si siku ya kujengwa kwa nyumba. Mtu akitwaa boriti ya nyumba ya babu yake akaitia katika nyumba mpya, boriti ni ya zamani na nyumba ni ya leo.

Sasa twaweza kurudi kwa Ofiri, na kuona jinsi ardhi ilivyoulizwa vibaya, kisha ikaulizwa vema. Mahali penyewe si pwani, bali ni bara nyuma ya Sofala, katika nchi iitwayo leo Zimbabwe. Huko kuna magofu makubwa ya mawe yaliyopangwa pasipo chokaa wala udongo wa kuyashika. Ukuta mkubwa wa mviringo una urefu wa mita 250 hivi, na mahali pengine kimo chake chafika mita 11. Katika mwezi wa Septemba mwaka 1871 Mjerumani mmoja, Carl Mauch, alifika hapo. Alikuwa amekwisha kusikia habari za Ofiri kabla hajaondoka kwao, akaja na jibu mfukoni. Aliona kipande cha mti katika boriti ya juu ya mlango, akakata kibanzi. Akakilinganisha na kalamu yake ya risasi, ambayo mti wake ulikuwa mwerezi. Rangi ikamwonekea sawa, na harufu sawa. Akasema: huu ni mwerezi, na mwerezi hutoka Lebanoni; walioleta ni watu wa Tiro; basi aliyejenga ni Malkia wa Sheba, aliyeiga nyumba ya Sulemani.

Mti ule ulikuwa wa msitu wa nchi ile ile. Nyumba nzima ya maneno ilisimama juu ya harufu ya kalamu.

Ingekuwa ni kosa la mtu mmoja tungecheka, tukaendelea. Lakini walowezi wa Kizungu walipoitwaa nchi ile mwaka 1890, habari ya Malkia wa Sheba iliwafaa sana. Kama wajenzi walikuwa wageni kutoka kaskazini, basi Waafrika wenye nchi hawakujenga kitu, na mgeni mpya amerudi tu mahali pa mgeni wa kale. Mwaka 1902 Richard Hall, mwandishi wa gazeti, aliwekwa kuyatunza magofu. Akaondoa matabaka mengi ya udongo yaliyokuwamo ndani ya kuta, kwa sababu, kwa maneno yake, ni takataka za Waafrika zilizofunika kazi ya watu wa kale. Takataka zile ndizo zilizokuwa kitabu. Alirarua kurasa akiitafuta hadithi aliyoipenda, na kurasa hizo hazitapatikana tena.

Mwaka 1905 David Randall-MacIver alichimba mahali ambapo Hall hakugusa. Vigae alivyoviona vilikuwa vya namna ile ile ya vyungu vya watu wa nchi, na vitu vya kigeni vilivyokuwamo vilikuwa vya miaka mia chache tu iliyopita, si elfu tatu. Wengi walikasirika. Kwa hiyo mwaka 1929 alitumwa Bibi Gertrude Caton-Thompson aamue. Alifanya jambo la akili sana: alichimba chini ya kuta zenyewe, mahali ambapo sakafu ilikuwa haijavunjwa. Kitu kilichomo chini ya sakafu nzima hakiwezi kuwa kimeingia baada ya sakafu kutengenezwa. Chini huko aliona vigae vya Waafrika. Hukumu yake ilikuwa wazi: kazi yote ni ya Waafrika, nayo ni ya zama za kati. Vipimo vya kaboni 14 vilivyofanywa baadaye vimekubaliana naye. Mji ulisitawi kati ya karne ya 11 na ya 15 baada ya Kristo, nao ni kazi ya wazee wa Washona. Sulemani alikufa yapata mwaka 931 kabla ya Kristo. Kati yake na kuta zile ipo miaka zaidi ya 2,000. Hata hivyo serikali ya walowezi iliendelea kuwabana wataalamu wasiandike wazi mpaka miaka ya 1970. Nchi ilipopata uhuru mwaka 1980 ililitwaa jina la magofu yale kuwa jina lake.

Tena kati ya vitu vilivyofukuliwa hapo ilionekana sarafu ya al-Hasan bin Sulaiman, sultani wa Kilwa wa karne ya 14. Yaani pwani na bara zilikuwa zikifanya biashara kweli, na dhahabu ilipita Sofala kweli. Wareno hawakukosea walichokiona, walikosea karne.

Katika watu waliofuatana na Bibi Caton-Thompson mwaka 1929 alikuwamo msichana aliyepiga picha, jina lake Kathleen Kenyon. Alijifunza kazi hapo Zimbabwe, akaenda nayo mpaka nchi ya Biblia yenyewe. Katika Yeriko mtaalamu John Garstang alikuwa amechimba tangu mwaka 1930 mpaka 1936, akaona kuta zilizoanguka, akasema ndizo zilizoanguka siku za Yoshua. Watu wakafurahi sana. Kenyon alichimba tena tangu 1952 mpaka 1958, kwa subira, tabaka kwa tabaka. Akaona kwamba kuta zile zilianguka yapata miaka 1,000 kabla ya wakati aliousema Garstang. Mji wa siku za Yoshua hakuuona isipokuwa mabaki machache, na wataalamu bado wanabishana kama mvua na upepo vimekwisha kuuchukua au haukuwapo mji mkubwa. Hiyo ndiyo kazi ngumu ya mchimbaji mwaminifu. Watu humngoja na furaha mkononi, naye huja na tarehe.

Lakini wakati mwingine ardhi hukubali waziwazi. Kitabu cha Pili cha Wafalme chasema kwamba mfalme Hezekia alileta maji ndani ya Yerusalemu kwa mfereji. Mfereji huo upo, umekatwa chini kwa chini katika mwamba kwa mita 533, nao wapita maji hata leo. Mwaka 1880 mwanafunzi mmoja aliyekuwa akicheza majini ndani yake aliona maandishi ukutani. Yalipokwisha kusomwa, yalisimulia jinsi wachimbaji walivyoanza kutoka pande mbili, wakasikiana sauti katikati ya mwamba, wakachimba kuelekea sauti hiyo mpaka sururu zikakutana. Maandishi hayakutaja jina la mfalme. Kwa hiyo mwaka 2003 wataalamu walipima vipande vya majani vilivyonaswa katika lipu ya kwanza ya mfereji ule, pamoja na mawe yaliyojengwa na matone ya maji juu ya lipu hiyo. Majani hayakuwa machanga kuliko zama za Hezekia, na mawe ya matone yalikuja baadaye. Katikati yake ndipo yapata mwaka 700 kabla ya Kristo, wakati wa mfalme yule. Kitabu, maandishi, majani na mawe yamesema neno moja.

Basi kisiwa chetu chasema nini? Kutoka Bwejuu, ukiipita Paje, utafika Jambiani, na nyuma ya Jambiani, ndani ya msitu wa mawe, kuna pango la Kuumbi. Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alichimba humo mwaka 2005. Alisema kwamba ameona dalili za watu wa zama za mbali sana, na mifupa ya kuku katika tabaka la miaka elfu kadhaa iliyopita. Habari ya kuku si ndogo, maana kuku asili yake ni Asia. Kama alikuwako Unguja kabla ya Sulemani, mtu alimleta kwa chombo kupitia bahari kuu! Mwaka 2012 wataalamu wengine walichimba pango lile lile. Walikubaliana naye kwamba watu wa kale sana walikaa humo. Waliona mifupa ya pundamilia na nyati, wanyama waliokuwapo wakati kisiwa kilipokuwa kimeungana na bara. Lakini mifupa ya kuku katika matabaka ya kale hawakuiona. Mifupa ya kuku waliyoipima kutoka sehemu mbalimbali za pwani yaonyesha kwamba kuku alifika huku yapata karne ya saba au ya nane baada ya Kristo. Hivi ndivyo elimu iendavyo. Mmoja husema alichokiona, mwingine hushuka katika shimo lile lile kukitazama tena, wala hakuna matusi.

Upande wa pili wa kisiwa uko Unguja Ukuu. Katika karne ya 19 ilipatikana huko dinari ya dhahabu iliyopigwa karibu na mwaka 800, zama za Harun al-Rashid wa Baghdad. Baadaye Mzanzibari Abdurahman Juma alichimba huko miaka mingi, akatoa kitabu mwaka 2004. Alipata vyombo vya rangi ya buluu-kijani kutoka Ghuba ya Uajemi, kauri za China, shanga za kioo, na juu ya yote vigae vingi sana vya vyungu vya wenyeji. Mji ulianza karibu na karne ya sita au ya saba baada ya Kristo. Ni wa kale kuliko Zimbabwe, tena ni wa kale kuliko msikiti wa Kizimkazi Dimbani wenye maandishi ya mwaka 1107. Lakini hata huo uko mbali na Sulemani kwa miaka 1,500.

Kipo pia kitabu cha baharia wa Kiyunani aliyekaa Misri, kilichoandikwa katikati ya karne ya kwanza baada ya Kristo. Chaitaja pwani yetu na soko lake liitwalo Rhapta, na mitumbwi iliyoshonwa kwa kamba. Bidhaa zilizonunuliwa zimeandikwa: pembe za ndovu, pembe za kifaru, magamba ya kasa. Dhahabu haimo. Miaka 1,000 baada ya Sulemani mfanyabiashara alikuja kwetu asinunue dhahabu! Kwangu mimi hili lina nguvu kuliko hoja zote za majina.

Kwa hiyo, kwa ushahidi uliopo, merikebu za Sulemani hazikufika pwani yetu. Wataalamu wengi sasa huitafuta Ofiri karibu na Bahari ya Shamu yenyewe, upande wa Uarabuni au upande wa Afrika. Kitabu cha Mwanzo, sura ya kumi, chaitaja Ofiri pamoja na Sheba na Hazarmawethi, na hilo la mwisho ndilo Hadhramaut, nchi ya Washihiri waliojaa katika maduka ya Unguja. Mwaka 1976 wataalamu wa mawe wa Marekani na Saudia walitoa rai kwamba huenda ikawa ni machimbo ya kale ya Mahd adh-Dhahab, kati ya Makka na Madina. Upande wa Afrika, mwaka 2020 yalichunguzwa meno na nywele za nyani waliokaushwa na Wamisri wa kale. Jino la mnyama hutunza alama ya nchi aliyokulia, nayo meno yale yaliashiria nchi za Eritrea, Ethiopia na Somalia. Basi nyani walisafirishwa kwa merikebu katika Bahari ya Shamu hata kabla ya Sulemani.

Na jina lenyewe limepatikana ardhini mara moja. Mwaka 1946, mahali paitwapo Tell Qasile, karibu na pwani ya Bahari ya Kati, kiliokotwa kigae chenye maandishi ya Kiebrania ya karne ya nane kabla ya Kristo. Ni kama hati ya mzigo: dhahabu ya Ofiri, shekeli 30, kwa Beth-horoni. Karani aliyeandika hakuwa akisimulia hadithi. Alikuwa akihesabu mali.

Vigae viko kwetu pia, pwani na mashambani. Akichimba kisima mtu wa Bwejuu akaviona, au akaona ushanga au sarafu, asivioshe wala asiviuze. Na aviache kama vilivyo, apime kina chake kutoka juu, aandike rangi ya udongo na vitu vilivyokuwa kando yake, kisha apeleke habari kwa idara ya serikali ya mambo ya kale mjini Unguja, ili mwenye mwiko aje kabla jembe halijapita tena.